Nilikaa Kiti cha Nyuma

Kwa miaka zaidi ya ishirini kabla sijastaafu mwaka 2009, sehemu kubwa ya kazi yangu ilikuwa kukaa nyuma ya darasa. Mwalimu mkuu huingia kimya kimya, huvuta dawati la mwisho, hufungua daftari lake, na humsikiliza mwenzake akifundisha. Tabia hiyo haistaafu pamoja na mtu. Hata harusini najikuta nampa alama mshereheshaji. Kwa hiyo msomaji wangu asishangae kwamba mwezi Mei mwaka 2024, binti yangu anayeishi Milano aliponilipia safari ya siku moja ya kwenda kuuona mji wa Verona na miji ya kando ya Ziwa Garda, nilichagua kiti cha nyuma kabisa katika basi na kutoa daftari. Nilikuwa na mjukuu wangu wa kike, miaka 11, aliyezaliwa hukohuko. Kiitaliano chake ni cha maji. Kiswahili chake ni cha kuzungumza na bibi yake kwenye simu.

Safari ya namna hii ni somo. Ina mwalimu, ina wanafunzi waliolipa ada, ina muda uliopangwa, na zana zake ni za mawe na maji ambazo mwalimu wa Butimba, nilikosomea mimi, hangethubutu hata kuziota. Basi nami nataka niipime kama somo. Sizungumzii chakula wala vyoo, ingawa vyote viwili vilikuwa safi.

Mwongozaji wetu alikuwa kijana wa miaka thelathini hivi, mwenye sauti ya kutosha na mwavuli wa rangi ya chungwa aliouinua juu kama bendera. Alituhesabu mara mbili. Alitueleza tutakwenda wapi, kwa muda gani, na tutakutana wapi mtu akipotea. Andalio lake la somo lilikuwa kichwani, lakini lilikuwepo, na hilo nililiandika kwanza. Alizungumza Kiingereza, kisha akarudia yaleyale kwa Kihispania. Waliosikiliza Kihispania walicheka mara nyingi kuliko sisi, na hadi leo sijui tulinyimwa nini.

Verona tulifika saa nne asubuhi, akaanzia penye uwanja wa kale wa Warumi uitwao Arena. Hapo alinifurahisha sana. Uwanja huo ulijengwa katika karne ya kwanza baada ya Kristo, kwa mawe ya rangi nyeupe na waridi yaliyochimbwa vilima vya karibu. Zamani ulizungukwa na ukuta wa nje wa orofa tatu. Tetemeko la ardhi la mwaka 1117 liliuangusha karibu wote, na kilichobaki ni kipande chenye matao manne tu kwa upana, kimesimama pembeni kama jino la mwisho la mzee. Kijana yule hakutupa hotuba. Alituambia tukitazame kipande kile, kisha kila mtu anyoshe kidole na kuuchora hewani ukuta uliokosekana, mpaka auzungushe uwanja mzima. Watu wazima arobaini na kitu wakawa wanachora hewani kama darasa la kwanza. Hiyo ndiyo kazi! Nimekaa na walimu wenye shahada wasioweza kumfanya mtoto aone kitu kisichokuwapo kwa kutumia kile kilichopo.

Kisha akatueleza kwamba tangu mwaka 1913, walipoadhimisha miaka 100 ya kuzaliwa kwa mtunzi Verdi, uwanja huo hutumika wakati wa kiangazi kwa maonyesho ya opera, na kwamba ya kwanza ilikuwa Aida. Aida, kwa asiyejua, ni binti wa mfalme wa Uhabeshi aliyetekwa na kufanywa mtumwa huko Misri. Naomba msomaji amweke Mhabeshi huyu akilini, maana nitamrudia.

Kutoka hapo mwavuli ukatuongoza kwenye Nyumba ya Juliet. Ni ua mdogo, na watu walikuwa wamesongamana kama siku ya kugawa sukari ya ushirika. Juu ukutani pana roshani ya mawe. Wasichana walikuwa wakilipa kiingilio ili wapande wasimame hapo, na wenzao chini wawapige picha. Uani pamesimama sanamu ya shaba ya Juliet, ambayo wageni humshika titi la kulia wakiamini litawaletea bahati ya mapenzi. Sanamu ya kwanza, ya mwaka 1972, ilichakaa kwa kushikwashikwa hadi mwaka 2014 ikabidi iondolewe na kuwekwa nakala. Nilimgeuza mjukuu wangu uso atazame roshani.

Kijana wetu alisema: hapa ndipo Juliet aliposimama, na pale chini ndipo Romeo alipomwita. Aliyasema kwa sauti ya utamu, na watu wakaguna kwa furaha. Mimi nilikuwa nimekisoma kitabu cha wageni cha binti yangu usiku uliotangulia, kwa kuwa huandaa somo hata ninapokuwa mwanafunzi. Kisa hicho kilisimuliwa Italia kabla ya Shakespeare kuzaliwa. Luigi da Porto ndiye aliyekiweka Verona, karibu na mwaka 1530. Nyumba yenyewe ni ya kale kweli, ilikuwa ya ukoo wa Cappello, na kofia, alama ya ukoo huo, imechongwa kwenye tao la lango. Jina Cappello linakaribiana na Capuleti wa kwenye kisa, na kukaribiana huko kukatosha. Manispaa iliinunua nyumba mwaka 1905. Katika miaka ya 1930 mkurugenzi wa makumbusho ya mji, Antonio Avena, aliikarabati ili ifanane na kile ambacho watu walikuja kukitafuta, na roshani ikawekwa wakati huo. Roshani ile ina umri unaokaribia wa kaka yangu mkubwa. Tena katika tamthilia ya Shakespeare neno roshani halimo. Juliet hutokea dirishani.

Mjukuu wangu hakuwa amesoma lolote kati ya hayo. Lakini alinyosha mkono, akauliza kwa Kiitaliano: kama Juliet ni mtu wa hadithi, basi ni nani hasa aliyekuwa akikaa hapa? Kijana akatabasamu, akamwita hodari, akainua mwavuli, tukaondoka.

Nilifungua daftari ili niandike kosa hilo, nikashindwa. Nilikuwa nimekumbuka Bagamoyo.

Mwaka 1987 nilikuwa mwalimu mkuu wa shule moja mkoani Pwani, na niliwapeleka wanafunzi wa darasa la saba kuona magofu na mahali misafara ilipofikia. Nikawakusanya chini ya mwembe, nikawaeleza kwamba jina Bagamoyo linatokana na watumwa waliofika pwani wakasema, bwaga moyo, maana hawataiona tena nchi yao. Nililieleza vizuri. Wengine walilia. Binti mmoja mdogo, mweusi, mwenye sauti ya kukwaruza, akauliza: Mwalimu, ni nani aliyewasikia? Nilijua, kwa sababu nilikuwa nimesoma, kwamba wapo wanaolieleza jina hilo kwa namna nyingine kabisa: kwamba ni kauli ya wapagazi waliotua pembe za ndovu baada ya miezi ya kutembea, wakapumzisha mioyo yao. Nilijua kwamba hakuna mwenye hakika. Nikamwambia aandike, asiwapotezee wenzake muda. Jina lake nimelisahau. Alikuwa amevaa ndala za rangi mbili tofauti.

Basi sikumwandikia kijana alama hapo. Niliacha mstari mtupu.

Uwanja wa soko, Piazza delle Erbe, tuliupita haraka, na haraka hiyo ilinisikitisha kidogo, kwa kuwa juu ya nguzo mle amesimama simba mwenye mabawa, alama ya Venisi. Verona ilikuwa chini ya Venisi tangu mwaka 1405 hadi 1797. Ni Venisi hiyohiyo ya tamthilia ambayo Mwalimu Nyerere aliifasiri na kuchapishwa mwaka 1969 kwa jina la Mabepari wa Venisi. Wazee wenzangu watakumbuka tulivyobishana juu ya jina hilo: mfanyabiashara mmoja wa Shakespeare amekuwaje mabepari wengi? Wakati ule niliona ni siasa imeingia mahali pasipo pake. Nilipomtazama simba yule amekaa juu ya soko la mji usio wake kwa karibu miaka 400, niliona mfasiri hakukosea sana.

Tulipewa dakika arobaini za kujitembelea wenyewe. Wengi walikwenda kwenye aiskrimu. Sisi tulikwenda polepole, kwa ajili ya goti langu, hadi kwenye daraja la kale juu ya mto Adige, liitwalo Ponte Pietra, yaani Daraja la Mawe. Lilianzishwa na Warumi. Mwezi Aprili mwaka 1945 Wajerumani waliokuwa wakikimbia walililipua. Baada ya vita watu wa Verona wakaingia mtoni kuyaopoa mawe yake, na kufikia mwaka 1959 walikuwa wamelijenga upya kwa mawe hayohayo. Ukisimama ukingoni unaona wazi sehemu ya mawe meupe ya Warumi na sehemu ya matofali mekundu ya karne zilizofuata. Hakuna aliyejaribu kuifanya ionekane kitu kimoja. Hapakuwa na foleni, kiingilio wala sanamu ya kushika. Mjukuu wangu alitembea akigusa ukuta wa daraja kwa kiganja, akaniuliza walijuaje jiwe lipi linakwenda wapi. Nikamwambia sijui. Tukakaa tukiyatazama maji kwa robo saa nzima, na hiyo ndiyo robo saa niliyojifunza zaidi Verona, ingawa haikuwamo katika ratiba.

Wakati wa kutoka mjini basi lilipita kando ya ngome iitwayo Castelvecchio. Kijana akasema kwenye kipaza sauti kwamba ilijengwa katika karne ya 14 na watawala wa ukoo wa Scala, na kwamba sasa ni makumbusho yenye picha nzuri, yaliyotengenezwa na msanifu majengo Carlo Scarpa. Yote kweli. Nilingoja aendelee. Hakuendelea.

Ndani ya ngome ile, mwezi Januari 1944, walishtakiwa wakubwa wa chama cha Mafashisti ambao Julai ya mwaka uliotangulia walipiga kura ya kumwondoa Mussolini. Tarehe 11 Januari watano kati yao walipigwa risasi mjini humo, wamefungwa vitini, migongo yao ikiwaelekea wafyatuaji. Mmoja alikuwa Ciano, mkwe wa Mussolini mwenyewe. Mwingine alikuwa Marshali Emilio De Bono, mzee wa miaka 77. Huyu De Bono ndiye aliyeongoza majeshi ya Italia kuvuka mpaka wa Eritrea tarehe 3 Oktoba 1935 na kuivamia Ethiopia. Sasa msomaji amrudie yule Mhabeshi wa jukwaani.

Marehemu baba yangu alikuwa askari wa Keya, kikosi cha 6, kilichokuwa cha Tanganyika. Mwaka 1941 alikuwa Uhabeshi akipigana na aliowaita Wataliana. Alirudi na sikio moja lililokufa na koti moja zuri. Sijui alifikiri vita vile vilikuwa vya nani. Alizoea kusema kwamba walimpiga Mtaliana, basi, halafu huomba kahawa. Alikufa bila kujua kwamba yule aliyeianzisha safari iliyomfikisha yeye Uhabeshi aliuawa na wenzake, katika mji ambao mjukuu wa mtoto wake anaufikia kwa basi la saa mbili. Siku ile mimi mwenyewe nilikuwa na miaka 75. Nilitaka mtu alitamke jina lile hapo mahali pake. Sentensi moja ingenitosha.

Tulipofika Lazise, mji mdogo wenye kuta kando ya ziwa, nilimkuta kijana akinywa kahawa peke yake, amesimama, kama wafanyavyo. Nikamwendea, nikamsalimu, nikamwuliza kwa Kiingereza kama anamjua De Bono. Alinitazama kwa mshangao. Akaniambia amesoma historia chuo kikuu na anamjua vizuri. Kisha akasema, bila ukali: "Mzee, nina saa tatu pale Verona, na watu wamemlipia Juliet. Nikianza habari za vita wananiuliza choo kiko wapi."

Msomaji atadhani nilikuwa na jibu. Sikuwa nalo mara moja. Kipindi chetu kilikuwa dakika arobaini, wanafunzi sitini na zaidi, na mtihani wa taifa ukitungoja mlangoni. Ni mambo mangapi niliyoyaruka kwa sababu hayataulizwa? Lakini nilimwambia hivi, na bado nasimamia hapo: kuruka jambo kwa kukosa muda kunasameheka, kusimama chini ya roshani ya miaka ya 1930 na kusema "hapa ndipo Juliet aliposimama" hakukuokoa hata dakika moja. Kusema kweli kungechukua muda uleule. Alinyamaza, akalipia kahawa yangu bila kuniuliza.

Lazise kwenyewe kuna jengo la zamani la forodha la Wavenisi, mlangoni mwa bandari ndogo. Waitaliano huiita forodha dogana, neno lililotoka katika diwani ya Kiarabu. Sisi neno hilohilo tulilipa washairi na wajumbe wa halmashauri. Hayo niliyaandika kwa ajili yangu mwenyewe.

Sirmione ni rasi nyembamba inayoingia ziwani kama kidole, na langoni mwake pana ngome ya ukoo uleule wa Scala iliyozungukwa na maji. Tulipanda motaboti kuizunguka rasi. Mtu wa Mwanza hawezi kupanda chombo cha majini bila kuhesabu maboya ya kujiokolea. Tangu MV Bukoba, mwaka 1996, sijaacha. Yalitosha. Mwenye boti akatuonyesha mahali ambapo maji ya moto yenye kiberiti yanatoka chini ya ziwa na kupanda kama mapovu. Mjukuu wangu aliuliza kama ziwa hili ni kubwa kuliko la kwetu. Nilicheka. Garda ni kubwa kuliko maziwa yote ya Italia, lakini lina kilomita za mraba 370 tu. Kisiwa cha Ukerewe peke yake kinalizidi. Hata hivyo, ili nisimdanganye, nilimwambia na upande wa pili: kina cha Garda hufika mita 346, na Victoria yetu haifiki hata mita 100. Hilo lilimpendeza kuliko la kwanza.

Mwisho tulifika kwenye magofu yaitwayo Mapango ya Catullus, juu ya ncha ya rasi, katikati ya mizeituni. Catullus alikuwa mshairi wa Kirumi, mwenyeji wa Verona, na aliitaja Sirmione katika shairi lake. Nilikaa juu ya jiwe, goti limekataa, nikasema moyoni: haya, hapa napo ndipo mshairi aliposimama.

Kijana alikaa kimya kidogo kuliko kawaida yake. Kisha akasema kwamba haya si mapango, na wala si ya Catullus. Ni magofu ya jumba la tajiri wa Kirumi, mita 167 kwa 105, lililojengwa baada ya mshairi kufariki; yalipoporomoka na kuota vichaka, watu wa karne za baadaye wakayaona kama mapango, na jina la mshairi likabandikwa kwa kuwa lilikuwepo karibu. Mzee mmoja aliyevaa kofia ya kuvulia samaki akauliza: basi lilikuwa la nani? Kijana akajibu kwamba mwenyewe hajulikani. Hakuna aliyeuliza choo. Waliuliza maji yalifikaje juu, mafuta ya zeituni yaliuzwa wapi, nani aliyelisafisha jumba kubwa namna hii. Na kwa swali hilo la mwisho akasema watumwa, akasimama hapo kidogo kabla ya kuligeuza kwa Kihispania. Tulichelewa kurudi kwenye basi kwa dakika ishirini.

Sijui kama husema hivyo kila siku, au ni kahawa ile. Sikumwuliza.

Tukiwa njiani kurudi tulipewa fomu ya maoni: picha tatu za nyuso, mmoja unacheka, mmoja umekaza midomo, mmoja umenuna. Mtu aweke alama kwenye uso mmoja. Nimejaza fomu nyingi za ukaguzi katika maisha yangu na sijaona ya kivivu kama ile. Niliigeuza nyuma nikaandika kwa mkono wangu wa ubaoni: Arena, vizuri sana. Nyumba ya Juliet, rudia somo. Sirmione, vizuri sana. Mwalimu aongezewe muda. Nikampa mlangoni. Aliisoma palepale chini ya taa ya basi, watu wakimpita, akaikunja akaitia mfukoni mwa shati badala ya kuiweka katika bahasha pamoja na nyingine.

Ilikuwa karibu saa tatu usiku. Binti yangu alikuwa bado njiani kuja kutuchukua, nasi tukakaa kwenye benchi penye kituo. Mjukuu wangu akaniuliza yule mtu niliyemtaja Lazise, De Bono, alikuwa nani, na kwa nini nilikuwa namuuliza mtu wa mwavuli kama nimekasirika. Nikaanza kwa babu yangu yeye, yaani baba yangu, na sikio lake. Akauliza Keya ni nini. Akauliza Uhabeshi ni wapi. Akauliza kama aliua mtu. Nikamwambia hilo sikuwahi kumwuliza, na hakuna aliyebaki wa kumwuliza. Binti yangu alipofika na gari tulikuwa tumefika mto Billate, Mei 1941, na askari wa Keya bado hawajavuka.